Wageni wa Upepo

Upepo ulimpeleka Kongo mume wangu, Hassani, kesho yake ukageuka ukatuletea Wakongomani watatu. Mpaka leo sijui kama niushukuru au niutukane. Siku ile niliutukana.

Ilikuwa mwaka wa tisini na tisa, hapa Rumonge, upande wa Burundi wa Ziwa Tanganyika. Vita vilikuwa milimani kwetu na vilikuwa ng'ambo pia, na wakubwa wa pande zote mbili walikuwa wameshafunga njia ya ziwa. Mvuvi wetu akionekana Ubwari, upande wa Kongo, ni mpelelezi. Wa kwao akionekana kwetu, hivyo hivyo. Hassani alitoka asubuhi kuvua karibu na nchi kavu, kama walivyoruhusiwa. Upepo ukapiga, wenzake wakarudi, yeye hakurudi.

Wale watatu walipotua, nilikuwa naanika ndagala, dagaa wetu wa ziwani, na macho yamenivimba kwa kulia. Kusikia "Wakongomani!" nikaacha kila kitu, nikabeba sufuria yangu ya ugali na mchuzi wa mawese, nikakimbia. Sisi wa ziwani, wa huku na wa kule, aliyeletwa na upepo tunamwuliza kwanza kama amekula. Akishakula ni mgeni wa mtaa mzima, haguswi, na upepo ukitulia anasindikizwa kwao. Hakuna serikali iliyotia sahihi jambo hilo. Tumelikuta tu.

Ila Liyetena Sylvestre, mkubwa wa askari wa ufukweni, alikuwa mtu wa Ngozi, milimani mbali na ziwa, amekulia kwenye kahawa na maharage. Nilimkuta ameshafungua kinywa.

"Mumetoka wapi? Nani amewatuma?"

"Liyetena, ngoja kwanza," nikamwambia. "Hawajakula."

"Mama Asmani, hii iko vita, haiko arusi."

"Vita itangoja. Ugali inapoa."

Askari wake wakacheka, akawakazia macho, nami nikapata nafasi ya kunawisha watu mikono. Walikula kama watu waliolala majini. Mkubwa wao, mtu mzima aitwaye Cubaka, alipomaliza akanishukuru, "Murakoze, mama. Jana tumeona mutumbwi ya huku, mbele yake iko rangi ya kijani. Imetua kwetu, Ubwari. Mutu wake alikuwa muzima. Maaskari walikuwa wanashuka kumuona."

Rangi ile ya kijani niliipaka mimi, na vibaya. Hassani yu hai! Nikashukuru Mungu, halafu nikaogopa upya, maana sasa yumo mikononi mwa askari.

Jioni liyetena akaja kwangu. Wageni niliowachukua walale kwangu walikuwa ukumbini wanakula, sisi tuko mlangoni pamoja na mama mkwe.

"Mama Asmani, nimefikiri juu ya bwana yako," akasema. "Hawa watatu tutawashika. Nitatuma neno ng'ambo: mutupe Hassani, tuwape watu wenu."

Mama mkwe akapiga magoti. "Murakoze cane, mwanangu! Mungu akuzidishie!"

Sitaki kujifanya mwema. Moyo wangu uliruka. Nilikuwa tayari kuwafunga kamba mimi mwenyewe. Ila nilipogeuka, nikamwona Cubaka amesikia. Tonge lilikuwa mkononi; akalirudisha kwenye sahani, akasogeza sahani kando, akanawa mikono. Wenzake nao wakanawa.

Aibu iliyonipata siwezi kuieleza. Mtu aliye kifungoni hali chakula cha mwenyeji, ndicho alichokuwa ananiambia. Na kama chakula changu hakimlindi yeye, chakula cha Ubwari kitamlindaje Hassani? Na mvuvi wa mwezi ujao, wa kwetu au wa kwao, si atakuwa mtu wa kubadilishwa kama mbuzi wa sokoni?

"Hapana," nikasema. "Kesho wanakwenda kwao."

Mama mkwe akanyanyuka, akanigeukia. "Ewe Esha! Unataka kuolewa tena?"

"Kama bwana yako hatarudi, usije kunililia," akasema liyetena.

"Nitakuja. Nitakulilia mpaka uombe kuhamishwa."

Akaondoka bila kutoa amri. Nikarudi ndani, nikamsogezea Cubaka sahani yake. Alikula polepole, nami nikasimama hapo hapo mpaka akamaliza.

Asubuhi ziwa lilikuwa shwari. Wavuvi wakachangishana mafuta ya mashine ya mtumbwi, wageni wakaondoka, askari wakitazama tu. Mama mkwe alikuwa hasemi nami. Nikaenda kugeuza ndagala ambazo zilikuwa hazihitaji kugeuzwa.

Mchana watoto wakapiga kelele. Rangi ya kijani! Nilikimbia, viatu sijui viliishia wapi. Liyetena alifika kabla yangu, ameshasimama majini mpaka vifundoni, yeye aliyekuwa akiogopa hata mawimbi.

"Umetoka—" akaanza. Akaniona. Akakohoa. "Umekula?"

"Nimekula sana, shefu," akasema Hassani akishuka. "Hawa watu wanajua kupika majani ya sombe."

"Wamekuachia sababu ya Cubaka na wenzake wawili, wale tuliowarudisha leo?" nikamwuliza.

"Cubaka ni nani? Kama ni wale watatu, tumekutana katikati ya ziwa, tukapungiana. Mimi nimesindikizwa mapema. Mama mumoja alimutolea shefu wao ukali, akasema huyu ameshakula kwangu."

Liyetena akaketi kwenye ukingo wa mtumbwi. "Kwa hiyo hawakujua kama watu wao wako hapa?"

"Wangejua kupitia wapi?"

Mama mkwe akaja, akaushika mkono wangu mbele ya watu wote, akaushika kwa nguvu hasa, na hakuuachia. Nikaketi majini na nguo zangu, nikalia kwa furaha, huku nikimwuliza Hassani huyo mama wa sombe ni wa umri gani.