Mwizi wa Rasimu ya Wifi

Kuanzia Jumatatu mimi ni mwizi mwenye barua ya ajira, kiti cha kuzunguka na droo inayofungwa kwa ufunguo. Nimeshamwambia kila mtu, mpaka mlinzi wa getini, ambaye alinipa hongera huku akinikagua mkoba. Ila hakuna niliyemsimulia vizuri nilivyofika hapo, maana lazima nianze na wifi yangu, na nikianza na wifi yangu uso unanibadilika.

Wifi ni mke wa kaka yangu. Ni mkemia, na tunafanya kazi ofisi moja, ile inayoandika kanuni za bidhaa za madukani. Alinikuta pale. Naomba hilo lieleweke, alinikuta. Ni mrefu, mpole, na ni mtu ambaye akikunja shuka lenye lastiki linakunjika. Nyumbani Mama anamwita "mwanangu". Mimi niliyetoka tumboni mwake ananiita "wewe". "Wewe, hebu muulize mwanangu kama atakula sasa hivi."

Hayo nilikuwa nayameza. Kisha ikaja rasimu.

Wakubwa waliamua tuwe na kanuni ya nanoteknolojia. Jina linatisha bure. Siku hizi viwanda vinasaga vitu mpaka vinakuwa vidogo kupita kiasi. Chukua milimita moja, igawe vipande milioni, kila kipande ni nanomita. Punje ikishuka chini ya nanomita mia, inaanza tabia zake: iliyokuwa nyeupe haionekani tena, iliyokuwa imetulia inachangamka. Pengine haina neno, pengine inalo, bado watu wanachunguza. Kwa hiyo kanuni ilitaka jambo moja tu: mwenye bidhaa aseme, aandike kwenye kopo, anayenunua ajue anajipaka nini.

Sasa, mimi nimesoma sheria. Tasnifu yangu chuoni ilihusu hayo hayo, na niliifunga kwa jalada gumu la bluu. Nilijua rasimu ni yangu. Na aliyeandika rasimu, ikipita, ndiye angeongoza kitengo kipya cha vitu hivyo vidogo, chenye chumba chake na jina lake mlangoni. Jina langu nilikuwa nimeshaliona mlangoni pale, hata aina ya herufi nilikuwa nimeichagua.

Bosi wetu wa uandishi tunamwita Mama Kifungu, kwa sababu hata akiagiza chai anasema, "Naomba chai, isipokuwa kama imepoa." Kwenye kikao akasema rasimu ataandika wifi.

"Maneno tutayapata kwako," akaniambia. "Lakini punje hizi zinamtaka anayezijua."

Nikacheka kwa meno yote. Kisha nikaenda chooni, nikafungua bomba, nikasimama tu pale maji yakinichuruzikia mikononi.

Ofisi yetu ina desturi moja ambayo wageni wakiiona wanafikiri tumerukwa na akili. Rasimu yoyote ikikamilika, kabla haijatoka nje, tunafanya Siku ya Mwizi. Mmoja wetu anavaa kofia kuukuu inayokaa kabatini kwa Mama Kifungu, anakuwa mfanyabiashara mjanja, anakuja na bidhaa ya kweli kutoka dukani. Mwenye rasimu anasimama mezani kama mkaguzi, mbele yake fimbo ya ufagio imelazwa juu ya viti viwili, ndiyo geti. Mwizi akipita bila kuvunja hata neno moja la kanuni, rasimu imetoboka.

"Mwizi atakuwa nani?" mtu akauliza.

Mama Kifungu akanitazama juu ya miwani. "Nadhani tunaye mwenye hamu."

Nilikuwa nayo. Niliisoma ile rasimu kama mtu anayesoma simu ya mumewe. Nikatafuta pengo kwenye tafsiri ya maneno, kwenye adhabu, kwenye misamaha. Ilikuwa safi. Kila kifungu kimenyooka kama mwenye kukiandika, na kila nilipogonga ukuta nilizidi kumchukia kwa kuujenga vizuri.

Jumapili nikamkuta Mama sebuleni anajipaka losheni ya jua. Ile ya zamani ilikuwa inamwacha mweupe kama aliyetoka kuchekecha unga. Hii alipaka, akasugua mara mbili, ikapotea.

"Umeona?" akasema. "Haionekani kabisa. Mwanangu ndiye kaniletea."

Nikashika kopo, nikalizungusha. Hakuna neno lolote kuhusu punje ndogo. Moyo ukanidunda kwa furaha isiyo nzuri. Nyeupe imepotea, basi punje ni ndogo, na hazikutajwa. Yaani mwandishi wa kanuni mwenyewe kamletea mkwewe kitu kisichosema kilichomo. Nikawaza nitakavyolisema hilo mbele za watu, taratibu, kama nasikitika.

"Mama, niazime hili."

"Wewe, usilimalize."

Asubuhi nikalipeleka maabara kwa Jicho, fundi wetu wa hadubini. Akapima kama rasimu inavyotaka, akaniita.

"Mia tatu arobaini," akasema.

"Nanomita?"

"Sio kilo, dada. Iko juu ya mia. Kwa rasimu hii, losheni ya mama yako haina habari na sisi."

"Hebu rudia."

"Nimerudia. Ni vishada, vimeshikana kama zabibu. Rasimu inasema pima kama ilivyo ndani ya kopo, nimepima kama ilivyo ndani ya kopo."

Nikamshukuru kwa sauti ya msibani. Hata losheni yake ilikuwa safi. Nilifika katikati ya ngazi ndipo neno likanigeukia kichwani. Vishada. Kishada si punje, kishada ni punje zilizokumbatiana. Mama akisugua mara mbili usoni zinaachana, ndiyo maana weupe unapotea. Ndani ya kopo ni kubwa, kwenye paji la uso la mama yangu ni ndogo, na kanuni inaangalia kopo tu. Mfanyabiashara yeyote angeweza kuzigandisha makusudi, apite, na ngozi ya mteja imalizie kazi.

Nilikaa pale pale kwenye ngazi nikiwa nimekumbatia kopo. Watu walinipita wakidhani naumwa.

Wifi anavijua vishada kuliko mimi, hilo lazima niliseme. Lakini ni mnyoofu. Kopo likija mezani anapima kilichomo, basi. Haikumjia kwamba mtu anaweza kukaa akapanga punje zidanganye. Mimi ilinijia bila hata kuitafuta.

Mchana akaja mezani kwangu kantini na sahani yake.

"Wifi, umeupata mlango?"

"Bado nazunguka nyumba."

Akacheka, kisha akaanza kuchezea kijiko. "Nikuambie kitu? Nilikotoka nilikuwa naandika ripoti, mwingine anasaini. Zote. Baba yangu kila akiuliza jina langu liko wapi, nasema liko ndani, ndani, huko kwenye karatasi. Hii ikipita nitamleta asome mlangoni." Akainua macho. "Ukiona tobo niambie kabla, wifi yangu. Hata dakika ya mwisho."

Kopo lilikuwa ndani ya mkoba, mkoba miguuni pangu.

"Mwizi gani anapiga hodi?" nikasema.

Akacheka tena, akanimegea nusu ya chungwa lake. Nikalila. Lilikuwa tamu, na hilo nalo likaniudhi.

Kwa hiyo Siku ya Mwizi nikavaa kofia. Ukumbi ulijaa, hata wahasibu walikuja, maana ni burudani yao pekee. Wifi alisimama nyuma ya fimbo ya ufagio, mikono nyuma.

"Umebeba nini, bibie?"

"Losheni, afande. Ya jua. Nauzia akina mama wenye ngozi ya heshima."

Watu wakacheka.

"Ina punje chini ya nanomita mia?"

"Mimi muuza losheni tu, afande, hayo mambo ya punje nimesoma wapi? Pima mwenyewe."

Jicho akasoma: mia tatu arobaini. Wifi akaangalia rasimu yake, akaniangalia mimi, na kwa sheria yake mwenyewe akainua fimbo. Nikapita. Nilipofika upande wa pili nikageuka, nikachota losheni, nikajipaka mkono mzima, ukawa mweupe. Nikasugua mara mbili. Nikauinua mkono wote wauone ulivyo mtupu.

"Weupe umekwenda wapi, afande?"

Sikuhitaji kuendelea. Niliona limemfikia kabla ya wengine wote. Ukumbi ulianza kunong'ona, wahasibu wakawa wanaulizana, na yeye alikuwa ameshazunguka meza. Akaja, akachukua kopo, akaligeuza.

"Hili si la Mama?"

"Ndilo."

"Nililonunua mimi."

"Ndilo."

Akalirudisha mezani taratibu. "Amepita," akamwambia Mama Kifungu. "Rasimu imetoboka."

Nilikuwa nimeuota wakati ule wiki nzima. Ulipofika nikajikuta nimesimama na kofia ya watu kichwani, mkono unanukia mama yangu, na sijui pa kutazama.

"Vizuri," Mama Kifungu akasema. "Mwenye ukuta na aliyeuvunja, mkazibe. Kabla ya chai, isipokuwa kama itapoa."

Tukakaa chumba kimoja, meza moja, tukiwa tumeinamia karatasi. Wifi akaanza bila kunitazama. "Tutatikisa sampuli ndani ya maji kwa mawimbi ya sauti, vishada viachane, ndipo tuhesabu punje moja moja."

"Atavigandisha kwa gundi ambayo mashine yenu haiachanishi."

"Nani?"

"Mimi. Ningekuwa yeye, ndivyo ningefanya."

Akanitazama sasa. "Wewe unawaza hivyo muda wote?"

"Nikiwa na sababu. Sikia, usihangaike na kopo peke yake. Mwambie mwenye bidhaa atuletee kipimo cha punje zilipoingia kiwandani, kabla hazijachanganywa na chochote. Na kuthibitisha kuwe kazi yake. Asipothibitisha, tunazihesabu kuwa ndogo."

Akaandika. Akafuta neno langu moja, akaweka lake, na lilikuwa bora. Nikabadilisha mpangilio wa sentensi yake, akakubali kwa kichwa kama mtu anayekubali sindano. Tulipomaliza, kifungu kilikuwa kizuri kiasi kwamba sikuweza kusema kipi ni changu, jambo lililoniuma kuliko nilivyotegemea.

Mama Kifungu akakisoma amesimama. Akakisoma tena. Kisha akasema rasimu imepita, na kitengo ni cha wifi.

Nilijua kabla hajafungua mdomo. Mwizi hapewi funguo za nyumba kwa sababu kaonyesha dirisha lililo wazi. Nilipiga makofi pamoja na wote, na nadhani nilipiga vizuri.

"Nina ombi," wifi akasema. "Nataka mwizi wangu. Wa kudumu, kila kanuni ya kitengo, tangu mstari wa kwanza."

"Kwa masharti gani?" Mama Kifungu akauliza.

"Asitumie tena makopo ya mama mkwe wangu."

Wahasibu walicheka mpaka mmoja akatoka nje. Mama Kifungu akanivua kofia, akanitazama, akanivalisha tena.

Tukiwa kwenye korido peke yetu wifi akanishika mkono, ule ule wa losheni, na hakuwa anatabasamu.

"Usidhani nimefurahi. Nilikuomba uniambie kabla."

"Najua."

"Nimekuchukua kwa sababu ninakuhitaji, na hilo linaniuma. Unajua kaka yako kila nikimwonyesha kazi anasemaje? 'Mdogo wangu angeona tobo.' Kila siku. Nikipika, mdogo wangu angeonja kasoro. Nikipaka rangi ukuta, mdogo wangu angeona alama ya brashi. Nimeolewa na mume mmoja, nalala na wewe katikati."

"Kaka anasema hivyo?"

"Usinifanye nirudie."

"Hapana, hebu rudia kidogo, kile kipande cha ukuta."

Akaniachia mkono, akaenda zake. Nilimwona kwa nyuma mabega yakimtikisika, na sijui hadi leo kama ilikuwa kicheko.

Nikakimbia nyumbani na habari. Nilikuwa nimeipanga njia nzima, nianze na kofia, nimalizie na kiti cha kuzunguka. Mama alikuwa sebuleni.

"Mama, nimepata kazi ya kudumu."

"Wewe, losheni yangu iko wapi?"

"Imetumika kuandika sheria ya nchi."

"Bahati yako. Mwanangu kapita hapa sasa hivi kaniletea nyingine." Akanyoosha kopo jipya. "Hebu nisomee, kaandika nini hapa? Sina miwani."

Nikasoma. Kwa kalamu isiyofutika, kwa mwandiko uliosimama wima kama yeye, alikuwa ameandika: *Ina punje ndogo sana. Mwenye swali amwulize binti wa nyumba hii.*

"Binti gani?" Mama akauliza.

"Mimi, Mama."

"Aa." Akaniangalia muda mrefu kidogo, kama mtu anayejaribu kukumbuka alikoweka kitu. "Mwandiko mzuri anao."

Ni kweli, hata mwandiko anao. Nikageuza kopo huku, nikaligeuza kule. Kisha nikaona. Ameandika kwenye kifuniko. Kifuniko kinatoka, kinavalishwa kopo jingine, na losheni inaendelea na safari bila maandishi yoyote.

Nikalirudisha kopo mezani kwa upole sana. Jumatatu nitawahi kufika, niwe nimeshakaa kwenye kiti changu yeye akiingia.