Waswidi Mezani

Esben Lauritsen alikuwa amekufa mara nyingi sana. Katika majumba ya michezo ya kuigiza ya Kopenhagen alichomwa mikuki, akanyongwa, akazama na manowari za wafalme, na kila usiku aliinuka, akajipangusa vumbi, akapanda baiskeli kwenda nyumbani kuandika. Historia ilimlevya. Vitabu vyake havikuwa vya wafalme bali vya wapishi wao na washona viatu wao. Alipofikisha miaka sitini, mji wake wa Brøndkær, kusini mwa rasi ya Jutland huko Denmark, ukamwita: njoo utuandikie mchezo wa kiangazi, tuigize wenyewe, kwenye malisho ya Shangazi yako Dagny.

Akaja mbio, na furaha yake yote. Kilichomkwaza kilikuwa Jep.

Jep alikuwa meya wa kale, babu wa mababu zake. Sanamu yake imesimama sokoni, uma wa shambani mkononi, akiwafukuza askari wa Uswidi waliouvamia mji zamani za vita. Ndivyo mji mzima ulivyofundishwa. Lakini mafundi walipochimba malisho yale kupitisha bomba, walikuta vifungo vya Kiswidi, magudulia ya bia na mifupa ya nguruwe tele. Risasi, hakuna hata moja. Esben alipoviona alicheka mpaka akakaa chini. Jep hakumfukuza mtu! Aliwalisha maadui wakashiba hata wakasahau kuuchoma mji.

Akaiandika hivyo katika mchezo. Shangazi Dagny alipousoma hakucheka.

"Umemfanya babu yetu mtumishi wa meza!"

"Aliuokoa mji, Shangazi."

"Kwa nyama ya nguruwe?"

"Na bia."

"Usinitanie, Esben. Nepi zako nimezifua mimi. Siku nikimwona Jep anawaandalia wale majambazi, nainuka naondoka na ukoo wote, na mwakani mtafute malisho mengine."

Angeweza kuifuta sehemu ile. Lakini mtu aliyewafia wafalme wengi kiasi kile alitaka, walau mara moja, kumpa haki yake mtu aliyeshinda bila kumuua yeyote. Tena alimpenda shangazi yake, na kumpoteza kwa ajili ya mchezo kungemvunja moyo.

Siku ya kwanza ya mchezo ilipofika, watu walijaa kwenye mabenchi malishoni na mablanketi yao, vikapu na chupa za kahawa. Shangazi Dagny alikaa mstari wa mbele, uso umekunjwa. Nyuma ya jukwaa, Rikke, mtunza vifaa, alikuja na nguruwe wa plastiki kwapani.

"Huyu nimweke lini mezani?"

"Usimweke."

"Meza iwe tupu? Umerukwa na akili?"

"Umewahi kwenda kwa shangazi yangu?"

Rikke alifikiri. Mara ya mwisho alikwenda kurudisha ngazi tu, akatoka amelishwa keki aina saba. Akamrudisha nguruwe wake kimya kimya.

Esben akaingia akiwa Jep, akautupa uma chini. "Karibuni mezani," aliwaambia Waswidi. Wakakaa, wakiongozwa na Kaj fundi bomba, sharubu za kubandika zikimning'inia. Meza tupu, nyeupe pe! Esben akanyamaza. Kimya kikatanda mpaka Kaj akaona aibu, akajitungia maneno: "Tumetoka mbali jamani. Njaa inauma."

Shangazi Dagny akainuka. Mstari mzima wa ukoo ukainuka naye. Nimempoteza, Esben alijiambia.

Lakini bibi yule alikuwa amenyakua kikapu chake, naye anapanda jukwaani.

"Hamna haya? Katika ukoo huu mgeni hakalishwi mbele ya meza tupu! Hata awe Mswidi!"

Akatoa keki ya mkate mweusi, biskuti, maandazi ya siagi. "Kula, Kaj, umekonda. Na wewe huko mwisho, usione haya." Alikuwa anakata kipande cha nne kisu kilipomganda mkononi. Akawatazama Waswidi wanavyotafuna. Akamtazama mpwa wake ndani ya nguo za Jep.

"Mjanja mkubwa wewe," alisema polepole.

Machozi yalikuwa yanamtiririka Esben, na kicheko juu yake. Watu wakaanza kupiga makofi kwa pamoja, pa, pa, pa, kama wafanyavyo Wadenmaki wakikolewa na furaha, mpaka mabenchi yakatikisika.

Shangazi Dagny akainama, akauokota uma, akauinua juu mbele ya mji mzima.

"Na huu," alisema kwa sauti kali, "ulikuwa wa kugeuzia nyama. Nani aliwadanganya kwamba ni wa vita?"