Njia ya Kulala Mara Tatu

Haya wajukuu, nitegulieni hiki: ukiipita na wenye mikia, unalala mara tatu umefika; ukiipita na wenzako wasio na mikia, unalala usiamke. Njia gani hiyo? Msinijibu haraka. Arnaluk aliishi nayo kifuani miaka mitano.

Mumewe, Puyataq, aliijua rasi yetu kuliko mtu yeyote: ulimi wa mawe kati ya bahari mbili, na shingoni pake ziwa baada ya ziwa. Wazungu ambao meli yao ilinaswa na barafu walimwomba njia ya kuivuka shingo hiyo. Akashika kalamu, akachora pwani nzima bila kuinua mkono, kisha akaweka vijumba vitatu vya theluji. Kulala mara tatu, basi. Wakampa sindano za chuma ampelekee mkewe.

Kiangazi, watu wetu waliokwenda kuvua samaki waliwakuta wazungu hao wamekufa kwenye ziwa la pili. Mikanda ya sleji, lile gari la kuburuta juu ya theluji, ilikuwa bado mabegani mwao, na juu ya sleji mashua nzima ya mbao. Mbwa, hata mmoja hakuwapo. Sasa nani angedhani mtu mzima mwenye ndevu atajifunga mikanda avute mwenyewe?

Tangu hapo Puyataq hakuchora tena, hata kuwachezesha watoto kwenye theluji. Na Arnaluk akarudia sindano yake ya mfupa.

Ndipo mwaka wa tano ikaja meli nyingine. Nahodha aliingia adhuhuri katika nyumba kubwa ya theluji, watu wakila nyama ya sili wa baharini, pamoja na Manilaq, mkalimani wa pwani ya kusini, asiyefunga mdomo. Nahodha akakunjua karatasi iliyochakaa.

"Imetoka mfukoni mwa maiti," Manilaq akatafsiri. "Anauliza, nani aliichora?"

Kila mtu akaitazama nyama yake.

"Jamani, mmemeza ndimi pamoja na sili?"

Arnaluk akauminya mkono wa mumewe chini ya ngozi ya kulungu. Kila mtu mle alijua. Wageni walikuwa na bunduki, na wenzao walikufa kwa karatasi ile.

"Basi, si neno," Manilaq akasema. "Kesho tunaifuata hiyohiyo. Vijumba vitatu, nani ataogopa?"

"Na mbwa mnao?" Arnaluk akauliza.

"Mbwa gani, mama? Wamekwisha wote kwa ugonjwa. Hawa wanavuta wenyewe. Mbwa wenye ndevu, kazi yao kubweka na kuomba chai!"

Watu wakacheka. Puyataq hakucheka. Arnaluk akausikia mkono wa mumewe ukijivuta taratibu.

"Kaa kimya, baba watoto," alimnong'oneza. "Watakuchukua. Nitabaki na nani?"

"Na wake zao watabaki na nani?"

"Siwajui wake zao!"

"Hata mimi. Wala wa wale wa kwanza sikuwajua."

Nahodha alikuwa ameshaanza kuikunja karatasi. Puyataq akainuka, kichwa kikigusa dari ya theluji, akaitwaa mkononi mwa mgeni, akaitazama kama mtu anayetazama uso wa marehemu.

"Umeuliza nani," alisema. "Ni mimi. Nilihesabu miguu ya mbwa. Yenu sikuihesabu."