Mwethya kwenye Akaunti ya Musyoka

Kodi ya kwanza ya gemu aliyojaribu Musyoka asubuhi hiyo ilikuwa imekufa. Ya pili ilikuwa imekufa na kuzikwa. Ya tatu ilimwambia apakue kwanza programu ya kubashiri mpira, kisha athibitishe kwamba yeye si roboti kwa kuchagua picha zote zenye taa za barabarani. Taa za barabarani Kathonzweni zenyewe ni za kutafuta kwa tochi, lakini alichagua. Alipomaliza akaambiwa ajaribu tena kesho.

"Roboti hachoki," alijisemea. "Mimi nimechoka. Huo si ushahidi wa kutosha?"

Alikuwa ameketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, mlangoni pa kioski cha maji alichokuwa akikiendesha kwa niaba ya kamati. Maji yalikuwa yamekatika tena. Mitungi ya njano ilikuwa imepanga foleni peke yake, wenyewe wameenda kutafuta kivuli, na ilimkodolea Musyoka midomo wazi kana kwamba yeye ndiye aliyeyanywa. Tangu alfajiri alikuwa amevuta mpira wa maji, ameamua ugomvi wa nani kafika kwanza, ametukanwa kwa Kikamba safi na kwa Kiswahili kibovu. Mgongo ulimuuma mahali ambapo mgongo wa kijana haufai hata kujulikana kama upo.

Gemu lenyewe lina jina refu la Kiingereza ambalo hakuna mtu aliyewahi kulimaliza. Soko lote waliliita Joka, kwa sababu ya joka jekundu linalopiga miayo kila gemu linapofunguka. Unachukua mpiganaji, unampa jina, unampeleka porini kupigana na mazimwi, naye anapanda kiwango baada ya kiwango mpaka apate farasi, ngao na majivuno. Ukiwa na muda, unapanda kwa jasho. Ukiwa na pesa, unapanda kwa M-Pesa. Ukikosa vyote viwili, unasaka kodi za promo: herufi na nambari chache ambazo wenye gemu huzitupa mtandaoni wakiwa na furaha zao. Unaziandika kwenye kisanduku kidogo, unabonyeza, unapewa nguvu za bure. Kila akaunti hutumia kodi moja mara moja tu, na watu wa kutosha wakishaichukua, kwisha. Ni kama unga wa msaada. Habari ikikufikia wewe, gunia limeshakung'utwa.

Mpiganaji wa Musyoka alikuwa kiwango cha sabini na moja. Na juzi wenye gemu walikuwa wametangaza sheria mpya: mwisho wa mwezi, yaani Ijumaa hii, kila aliye chini ya themanini anatolewa kwenye kikosi chake. Kwa mtu mwingine, hiyo ni habari ya kupiga miayo pamoja na joka. Kwa Musyoka haikuwa hivyo, kwa sababu ndani ya kikosi hicho alikuwamo kaka yake, Kivuva.

Kivuva alikuwa ameoa Mutomo na kufungua duka la dawa za mifugo huko. Walipomzika baba yao, mambo ya nani amtunze mama, na nani arudishe mabati ya jikoni yaliyong'olewa na upepo, yakapelekwa kwenye grupu ya familia, mahali ambapo hakuna jambo lililowahi kuingia likatoka zima. Kivuva akaandika, mashangazi wote wakisoma: "Musyoka amebaki nyumbani kwa sababu hana pa kwenda."

Musyoka akaisoma mara moja. Akatoka kwenye grupu.

Jina lake kwa Kikamba maana yake ni aliyerudi. Alirithi la babu, na watu walikuwa wamemtania tangu shuleni: umerudi kutoka wapi, na hujawahi kuondoka? Utani huo alikuwa ameuzoea kama vumbi. Kwa mkono wa Kivuva, mbele ya mashangazi, haukuwa utani.

Hawakupigiana simu tena. Kila Jumapili baada ya kanisa Kivuva humpigia mama, na mama akimaliza humnyooshea Musyoka simu. Musyoka hutikisa kichwa na kukumbuka mbuzi fulani anayehitaji kufungwa. Hakuna mbuzi Makueni nzima waliofungwa vizuri kama wale.

Lakini ndani ya Joka, kila mwanakikosi anaweza kumtumia mwenzake moyo mmoja kwa siku. Moyo mdogo mwekundu, hauna maneno, unaongeza nguvu kidogo tu. Siku chache baada ya yale ya kwenye grupu, moyo wa Kivuva uliingia. Musyoka aliutazama mpaka mtungi wa mtu ukafurika. Kisha akarudisha wake. Basi ikawa hivyo, kila siku, kiangazi na masika. Kuna wiki mtoto wa Kivuva alilazwa na mioyo haikuja, na Musyoka aliuza maji wiki nzima kama mtu anayesubiri mlango ubishwe.

Sasa mlango huo ulikuwa unafungwa. Na kupiga simu hangeweza. Yaani, simu ilikuwepo, nambari ilikuwepo. Mdomo ndio haukuwepo.

"We Musyoka, sura gani hiyo? Umekunywa maji yako mwenyewe?"

Huyo alikuwa Mutanu, mwenye saluni ya ng'ambo ya barabara, amekuja kuangalia mtungi wake kama bado una nafasi. Katika habari za kodi za Joka, Mutanu alikuwa askofu.

"Kodi zote zimekufa," Musyoka alisema.

"Umezitoa wapi?"

"Kwa Google."

"Ha! Kodi ya kwa Google ni kama bwana wa pale stendi. Ukiona yuko huru, jua wengine wameshamwacha." Akamnyang'anya simu. "Kodi inatafutwa ikiwa bado inapumua. Wenye gemu wakiwa laivu, unakaa hapo hapo, wanaimwaga katikati ya maneno yao. Ama unasoma maoni ya Wafilipino. Hao hawalali. Umebakisha viwango vingapi?"

"Tisa."

"Mpaka Ijumaa? Wewe peke yako, na hii mitungi? Utakufa na sabini na tatu, tukuandikie kwenye msalaba."

Ndululu wa bodaboda alikuwa amesimamisha pikipiki kusikiliza, maana yeye husimama popote penye maneno. "Kwa nini unaitaka hivyo hii themanini? Kuna zawadi?"

"Naitaka tu," Musyoka alisema.

"Basi tumfanyie mwethya," Ndululu alisema.

Alisema kwa mzaha, lakini Mutanu hakucheka. Mwethya kila Mkamba anaujua: leo majembe yote yako shambani kwako, mnachimba matuta mpaka jua lizame, kesho yote yanahamia kwangu. Mama zao walichimba nusu ya matuta ya Makueni kwa njia hiyo, na nyimbo juu.

"Kidole kimoja hakivunji chawa," Mutanu alisema. "Wiki hii tunamlimia Musyoka. Wiki ijayo mnanilimia mimi, na mtalima. Lete nywila."

Musyoka aliwapa nywila kama mtu anayetoa ufunguo wa ghala. Na wakalima kweli. Mutanu alisaka kodi huku vichwa vya watu vikikauka chini ya mashine, akiziingiza zikiwa bado moto. Ndululu alipigana na mazimwi akingoja abiria mjini Wote. Mkewe, Kalunde, ambaye alikuwa ameenda kwao Tulia kumwona mamake, alichukua zamu kutoka huko ng'ambo, Kitui, na kumbe alikuwa na mkono mbaya kuliko wote. Aliua jitu la mlimani huku akichambua ndengu. Musyoka mwenyewe alicheza kati ya mtungi na mtungi. Sabini na nne. Sabini na sita. Alhamisi asubuhi alikuwa sabini na tisa, na kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu alisikia mgongo wake ukikaa kimya.

Saa sita mchana alifungua gemu. Joka halikupiga miayo. Lilikuwa limekaa, macho yamefumbwa, na chini yake maandishi:

*Akaunti hii imeingiwa kutoka sehemu nyingi kwa wakati mmoja. Tumeifunga ili kukulinda dhidi ya wezi.*

Aliwaita Mutanu na Ndululu. Wakasimama mlangoni pa kioski, vichwa vimeinamia simu moja kama watu wanaotazama kisima kilichokauka.

"Wezi?" Ndululu alisema. "Sisi?"

"Tumelimia mtu shamba, tumeitiwa polisi," Mutanu alisema.

"Huko walikotengeneza hii kitu hawana mwethya. Wakiona majembe manne kwenye shamba moja wanajua ardhi imenyakuliwa," Ndululu alisema.

Hawakucheka sana. Mutanu alisoma yaliyobaki. Ili akaunti ifunguliwe, mwenyewe achague rafiki wa siku nyingi kutoka kikosini. Rafiki huyo atatumiwa nambari, amsomee mwenyewe, na nambari inakufa baada ya dakika kumi. Simu yoyote iliyowahi kuingia kwenye akaunti hiyo haikubaliwi.

"Hapo sisi wote nje," Mutanu alisema. "Nani amebaki?"

Waliobaki walikuwa watatu. Mfilipino ambaye alionekana mara ya mwisho Krismasi. Mtu mwenye jina la herufi ambazo hakuna aliyezijua. Na KIV_MUTOMO, mwenye taa ya kijani, yuko hewani.

"Huyo Kiv wa Mutomo ni nani?"

"Ni mtu tu."

"Mtu gani?"

"Mtu wa Mutomo."

Ndululu akakohoa. "Si ni Kivuva, huyo? Kaka yako? Si nyinyi hamsemeshani tangu…" Akakumbuka kwamba pikipiki yake iko juani, akaenda kuitazama.

Mutanu alimgeukia Musyoka. Mkononi alikuwa bado ameshika kitana chenye dawa ya nywele.

"Kwa hivyo ulikuwa unatulimisha ili usipige simu."

Musyoka aliinama akanyoosha mpira uliokuwa umenyooka tayari.

"Nimemchoma mteja sikio kwa ajili ya hizo kodi zako, Musyoka. Sikio la mke wa mchungaji!"

"Nimechoka, Mutanu."

"Basi piga ukiwa umechoka. Nani alikwambia simu inapigwa na watu waliopumzika?"

Akavuka barabara akarudi saluni, bila kugeuka. Musyoka alibaki na mitungi. Kesho ilikuwa Ijumaa. Aliingia nyuma ya tangi, mahali penye kivuli cha upana wa mtu mmoja, akaegemea saruji iliyokuwa bado baridi kidogo. Akabonyeza jina la Kivuva ili nambari iende. Kisha, kabla akili haijamletea mbuzi wowote wa kufunga, akapiga.

Simu haikulia hata mara mbili.

"Mama amefanya nini?" sauti ya Kivuva ilikuwa juu. "Musyoka? Mama amefanya nini?"

"Mama ni mzima."

"Nani amekufa?"

"Hakuna aliyekufa. Ni akaunti tu."

Musyoka alisikia ng'ombe akilia upande ule, na mtu akiuliza bei ya dawa ya kunyunyizia.

"Akaunti," Kivuva alisema. Akashusha pumzi, ndefu, kama mtu anayetua gunia. "Leo asubuhi sikuona moyo wako. Nikasema ni mtandao. Halafu nimeuzia mtu dawa ya minyoo na yeye alitaka ya kupe."

"Amerudi?"

"Amerudi na ng'ombe mwenyewe. Yuko hapa. Wote wawili wananiangalia."

Musyoka alicheka, kicheko chenye kutu, kwa sababu njia hiyo ilikuwa haijatumika siku nyingi.

"Yale niliyoandika kwenye grupu," Kivuva alisema.

"Wacha."

"Siachi. Nikija huko nyumbani nawekewa kile kiti cha wageni, kile cha kitambaa. Mama ananichinjia kuku kama mimi ni mchungaji. Wewe umeshawahi kuchinjiwa kuku?"

"Mimi? Mimi napewa muthokoi. Tena wa jana."

"Unaona? Mimi ndiye sina pa kwenda, mwanaa mwaitu. Nilijua wakati naandika. Ndiyo maana niliandika."

Mwanaa mwaitu, mtoto wa mama yangu. Musyoka aliteleza polepole kwenye ukuta wa tangi mpaka akakaa chini, kwenye tope lililokauka.

"Mabati ya jikoni nilirudisha," alisema. "Yanavuja upande mmoja."

"Upande wa kuni?"

"Upande wa kuni."

"Hata ya baba yalivuja hapo hapo. Pale unapiga misumari miwili, siyo mmoja. Nikija nitakuonyesha. Usimwambie mama nakuja, asije akamkamata kuku."

Wakazungumza habari ya yule mtoto aliyelazwa, na ya mvua ambayo Mutomo haikuwa imenyesha na Kathonzweni ilikuwa imenyesha kwa dharau tu. Ghafla Kivuva akapiga kelele: "Nambari! Kuna nambari imeingia hapa, nikusomee?"

"Soma!"

Akasoma. Musyoka akaandika, akabonyeza. Joka halikufumbua macho.

"Inasema muda umeisha."

"Si uombe nyingine?"

"Naomba."

Wakati huo mpira ulijinyonga pale mlangoni, ukakohoa hewa, ukatema matope, na sokoni kukazuka ukelele. Wanawake walitoka kwenye vivuli vyote wakikimbilia mitungi yao. "Musyoka! Maji! Musyoka, umelala wapi, wewe?"

"Kelele gani hiyo?" Kivuva aliuliza.

"Maji yamerudi."

"Nenda ufungue. Utapigwa."

"Usikate."

Aliinuka kwa kushika tangi, akajikung'uta, akatumbukiza simu kwenye mfuko wa shati ikiwa bado wazi. Akaenda kufungua bomba. Mtungi wa kwanza ulianza kujaa, na kutoka mfukoni, katikati ya matusi na sauti ya maji, Kivuva aliendelea kuuliza: huyo anayefoka si mama yake Ndolo? Bado ana ile sauti? Na nambari nyingine imeshaingia, Musyoka, unasikia, nisome au ningoje?

"Ngoja," Musyoka alisema, akisogeza mtungi kwa mguu. "Kuna foleni."