Blanketi la Kitanda cha Bi Zena

Bwana Humoud bin Ubeid aliuza mablanketi Kariakoo, hatua chache kutoka sokoni, na alikuwa na kanuni moja ambayo hakuivunja hata kwa ndugu zake: kitanda kipimwe kwanza. Watu hupima kwa macho, wakifika nyumbani mmoja anafunikwa mwenzake anatetemeka, na lawama zinamrudia mwenye duka. Kwa hiyo kila mteja alitakiwa aje na uzi wenye mafundo mawili, fundo hadi fundo ndio upana wa kitanda. Yeye aliongeza shibiri moja kila upande.

Mwezi wa pili mwaka 1927, joto likiwa limewakausha watu koo, Bi Zena alikuja na uzi wake akitaka blanketi zito la sufu. Humoud hakuuliza la nini. Kitanda chenyewe kilikuwa na sifa mtaa mzima: cha mninga, kipana kuliko vyote, kilichongwa mtaa wa Gerezani kwa agizo la mumewe, Mwinyimvua, walipooana. Hawakukilalia hata mwezi, wakusanyaji wa wapagazi wa vita wakamchukua Mwinyimvua. Alikaa kambini hapo hapo ambapo sasa watu hununua nazi na mchicha, kisha akapelekwa bara na mzigo kichwani. Miaka kumi ilikuwa imepita.

Blanketi lilirudi baada ya wiki, limekunjwa vizuri. Bi Zena alisema ni fupi. Akapewa kubwa zaidi, nalo likarudi. Humoud akasema uzi umefupika kwa joto, Bi Zena akaleta kamba ya katani. Blanketi la tatu liliporudi, mzee wa watu akaona anachezewa.

"Bi Zena, hicho kitanda kinakua?"

"Kitanda hakikui. Wanaolala ndio wanaongezeka."

Mwanamume haingii peke yake chumbani kwa mke wa mtu, hata akiwa na utepe wa kupimia. Alhamisi iliyofuata Humoud alikwenda pamoja na mkewe, Bi Fakhriya. Bi Zena alikuwa amefukiza ubani na kuweka maji mlangoni, kama mama yake alivyomfundisha kuwawekea marehemu kila Alhamisi jioni. Nyumba nyingi zilifanya hivyo. Tofauti ni kwamba wa Bi Zena walikuja.

Walipokuwa wakiwasubiri, aliwaeleza shida yake, na shida hiyo haikuwa wageni. Saif, muuza kahawa, alikuwa amemposa mara mbili, naye alimpenda Saif. Kadhi alikuwa tayari kumkalisha eda mara tu itakapothibitika kwamba mumewe amekufa. Lakini kila mwaka karani wa wapagazi alimjibu kwamba jina la Mwinyimvua halimo katika daftari la waliokufa. Asiyeandikwa hajafa, na asiyekufa ana mke. Hata kumlilia hakuweza, kwa kuwa mwanamke haombolezi mume aliye hai kitabuni. Jambo hilo ndilo lililokuwa likimla moyo.

Adhana ya magharibi ilipokwisha hodi ikapigwa. Mwinyimvua aliingia wa kwanza, akanawa miguu, akampa Humoud salamu kamili na kumuuliza habari za biashara. Wenzake walimfuata, Waislamu kwa Wakristo. Wiki ya kwanza walikuja wawili, na sasa walikuwa kumi na wanne. Walijipanga kitandani kimkingamo, na mrefu wao, Aristides wa Rombo, akaomba radhi kwa ajili ya miguu yake. Nyayo zote zilibaki nje, zimepasuka, baridi kama mtungi. Bi Fakhriya alivua kanga yake ya juu akamfunika Aristides mpaka kwenye vifundo.

Humoud aliwapima kutoka mabegani hadi nyayoni. Aliona aibu, kwa maana muda wote alikuwa amepima mbao.

"Njia ya Njombe tulipewa blanketi moja watu wanne," alisema Mwinyimvua. "Asubuhi aliyeamka ndiye aliyelibeba."

Jumamosi Humoud alikwenda kwa karani kutoa ushahidi. Karani alimkaribisha kiti, akamuuliza kama anamjua Mwinyimvua. Anamjua. Alimwona lini mara ya mwisho? Alhamisi. Walizungumza? Walizungumza. Karani akaandika kwa hati nzuri kwamba Mwinyimvua yupo na anarudi kwa mkewe. Humoud akasema marehemu mwenyewe ndiye aliyemweleza alivyokufa. Karani akamjibu kwa upole kwamba hakuna mtu anayekuja kushuhudia kifo chake mwenyewe, akalifunga daftari. Saa ya chakula cha mchana ilikuwa imefika.

Bi Zena alisikiliza yote hayo akiwa amesimama mlangoni kwake.

"Laiti ungesema uongo, Bwana Humoud."

"Sikujua kwamba ndio uliotakiwa," alisema Humoud.

Wiki ile yeye na Bi Fakhriya waliunganisha mablanketi sita kwa sindano ya magunia. Alhamisi hakuna unyayo uliobaki nje. Marehemu walishukuru, wakalala, na kabla ya alfajiri wakaondoka mmoja mmoja. Waliendelea kuja. Majirani walizoea kuwapisha barazani.

Mwezi wa saba, Dar es Salaam ilipopata baridi yake ndogo, Saif alichoka kusubiri akaoa Bagamoyo. Siku ya pili yake Bi Zena alikuja dukani na uzi mpya. Humoud aliunyoosha mezani, akaupima, akaupima tena. Ulikuwa upana wa mkeka wa mtu mmoja. Ndipo alipofahamu kwamba kitanda kikijaa, mwenye kitanda hulala chini. Hakuwahi kumuuliza hilo, na sasa lilimuuma.

Alikunjua blanketi, akaweka alama penye fundo, akaongeza shibiri yake kila upande, akashika mkasi.

"Usiongeze," alisema Bi Zena. "Huko chini hakuna mwingine."

Bwana Humoud alifuta alama zake kwa kidole, akakata penye fundo.