Ekubu ya Kadi za Nyani

Surafel alikuwa anataka beji. Tuliseme mapema, asije mtu akadhani kijana wa watu alikuwa na shida ya maana. Kazi alikuwa nayo, katika duka la miwani pale Piassa. Afya alikuwa nayo, na mama yake yu hai. Lakini alitaka beji: kijipicha kisichozidi ukucha wa kidole gumba, kikae kwenye ukurasa wake katika jukwaa la michezo ya kompyuta, chini ya jina lake, kila apitaye akione. Hailiwi, haivaliwi, haiuzwi, na ukifa hairithiwi. Ukimuuliza ya nini, anakutazama kama umemuuliza pumzi ni za nini.

Wala si beji yoyote tu. Vijana fulani wa hapa hapa Addis Ababa walikuwa wametunga mchezo wao, wa wachungaji wa milimani wanaolinda shayiri isiliwe na nyani. Mchezo wenyewe, Mungu atusamehe, ulikuwa wa ovyo. Nyani walikuwa wanapenya kwenye kuta, na mchungaji akipanda mwamba anaganda huko huko mpaka uzime kompyuta. Ila ulikuwa wa kwetu, na ulikuwa na kadi. Unavyocheza, jukwaa linakudondoshea kadi, moja moja, kwa ubahili. Zikitimia nane tofauti unabonyeza, zote zinayeyuka, na mahali pake inatoka beji ya Nyani Mwenye Taji. Ikishatoka imeganda kwako, humpi mtu na hubadilishani na mtu.

Tabu ni kwamba jukwaa lilikuwa linampa mtu kadi mbili tatu kwa wiki, na mara nyingi zenyewe zinafanana. Lazima ubadilishane na wenzako, na hapo ndipo urafiki unapofia. Wapenzi wa mchezo ule mtaani kwao walikuwa sita. Mmoja ni Surafel. Mwingine ni Fitsum, jirani yake tangu utotoni, anayechapa fulana, na ambaye ulimi wake haujui likizo. Fitsum akikwambia, "Nipe kadi ya Mbwa leo, kesho nakupa ya Mwamba," hiyo kesho utaisubiri mpaka meno yaote mvi. Wengine nao hawakuwa malaika.

Basi siku moja Eyoel, mpole wao, akasema, "Kwa nini tusifanye ekubu?"

Wakatazamana. Ekubu si jambo la kufundishwa mtu. Ni upatu ule ule: kila wiki wote wanachanga, mmoja anabeba, mpaka kila mtu apokee fungu lake. Wote sita walikuwa wamelishwa, wamevishwa na wamesomeshwa kwa ekubu za mama zao. Kama inafaa kwa fedha, kwa kadi itashindwaje? Jumamosi moja, fungu moja, beji moja.

"Na dagna atakuwa nani?" Fitsum akauliza. Maana ekubu bila dagna, yule anayeshika mali na kuamua ugomvi, ni kundi la wezi tu.

"Mama yangu," Surafel akasema, macho chini, unyenyekevu mtupu. Moyoni alikuwa anajiuliza ni mama gani atakayemnyima mwanawe.

"Mama yako? Yeye hata akaunti hana."

"Tutamfungulia."

"Hajui hata kadi ni nini."

"Ndiyo vizuri zaidi. Mtu haibi asichokijua."

Hilo likawaingia. Na mama huyo, Weizero (yaani Bibi) Yeshimebet, kweli hakuwa mtu wa kutiliwa shaka. Ekubu ya wanawake wa kichochoro kile alikuwa ameishika tangu enzi hizo, na haijawahi kupotea hata punje. Walikuwa wanamwogopa kuliko padri, kwa kuwa padri husamehe.

Mwanawe alimweleza habari hiyo mama akiwa anachambua dengu. Akasikiliza mpaka mwisho.

"Hizo kadi ziko wapi?"

"Ndani ya kompyuta, mama."

"Zinaoza?"

"Haziozi."

"Panya?"

"Panya hawaziwezi, mama."

"Basi zina nafuu kuliko unga. Nimekubali. Ila ekubu yangu ni ekubu. Sitaki mambo ya kitoto."

Wakadhani ni maneno tu. Kumbe mama wa watu alikuwa na sheria zake. Kila mwanachama aje kwa miguu yake Jumamosi mchana, ijapokuwa kadi zingeweza kutumwa mtu akiwa kitandani amejifunika gubigubi. Atakayechelewa alete sukari. Na kila mmoja awe na mdhamini mtu mzima. Eyoel alimleta bibi yake, ambaye alikula kiapo kwa machozi, kwa sababu alidhani mjukuu anachumbia.

Jumamosi ya kwanza ikafika. Majani mabichi yametandazwa sakafuni, ubani unafuka, bisi zimejaa sinia, na jebena ya kahawa iko motoni. Kompyuta ikavuliwa kitambaa chake cha kudariziwa. Mmoja mmoja wakaketi, wakabonyeza, na kadi zao zikahamia kwenye akaunti mpya ya dagna. Weizero Yeshimebet alikuwa amevuta kigoda karibu, anaitazama kila kadi inavyoingia, anaitikia kwa kichwa. Zilipokwisha kuingia zote, seti ya nane ilikuwa imetimia, na zilizobaki zilikuwa marudio ya Mwamba matupu.

Surafel akasimama, akatoa kofia yenye vikaratasi vilivyokunjwa. Tusifichane: chake alikuwa amekikunja mara moja zaidi ya vingine, ili mama akipapasa akijue, na asubuhi, wakati wa chai, alikuwa amelipitisha jambo hilo mbele ya mama yake kwa lugha ya mafumbo.

"Hiyo kofia ya nini?" mama akauliza.

"Ya kura, mama."

"Kura ni wiki ijayo. Fungu la kwanza ni la dagna."

Surafel akabaki na kofia yake mkononi. Hakuna hata mmoja aliyeweza kubisha. Ndivyo ekubu za kichochoro kile zilivyokuwa tangu hapo: dagna hubeba fungu la kwanza kwa sababu ya usumbufu wake. Walilijua hilo kama wanavyoyajua majina yao. Lakini kadi zilikuwa jambo geni mno, wakasahau kwamba ekubu ni ya zamani. Fitsum ndiye aliyeanza kucheka, akacheka mpaka bisi zikampalia.

"Mchimba kisima huingia mwenyewe," akamwambia Surafel. "Si ulisema mtu haibi asichokijua? Haya, huyu hajaiba. Ni haki yake."

Surafel akakaa. Akajipa moyo kwamba Jumamosi bado zipo, na kadi zitaendelea kudondoka. Alikuwa ndiyo kwanza anaokota kikombe chake, simu ya Eyoel ikalia. Eyoel akasoma, akasoma tena.

"Watengenezaji wamegombana," akasema. "Mchezo unaondolewa Jumatatu. Kadi hazidondoki tena. Mwenye seti atengeneze beji yake kabla ya hapo, na hiyo ndiyo basi."

Ndugu zangu, mngeona nyuso zile. Mtaa mzima ulikuwa na seti moja, na seti yenyewe iko mikononi mwa mama wa makamo ambaye hajawahi kumfukuza nyani hata mmoja.

Lakini ekubu ina mlango wake wa nyuma. Mwenye haja kubwa, kama harusi, ugonjwa au paa lililoanguka, anaruhusiwa kusimama mbele ya watu na kumwomba mwenye fungu amwachie. Vijana waliukumbuka mlango huo wote kwa pamoja.

Fitsum akawahi. "Mama, mimi naoa."

"Unamwoa nani?"

"Bado tunashauriana."

"Na yeye anajua?"

Fitsum akakaa. Eyoel akasimama, akasema bibi yake hali yake si nzuri. Bibi, aliyekuwa pale pale anatafuna bisi, akageuka kumtazama. Eyoel naye akakaa, na kofi la mgongo juu. Wale watatu wengine walipoona hivyo wakaacha uongo wao mdomoni.

Ndipo Surafel aliposimama. Alikuwa ameandaa maneno mengine, lakini yalimkimbia, yakatoka ya kweli.

"Mama, mimi sina harusi, sina mgonjwa. Unanijua. Chuo nilianguka, nikarudia, nikaanguka. Dukani tajiri hajui hata jina langu, ananiita wewe wa ngazi, maana kazi yangu ni kupanda ngazi kumteremshia fremu. Fitsum watu wanatembea mjini na kazi yake mgongoni. Mimi nikifa leo nimeacha nini? Ni pale kwenye ukurasa tu ndipo mtu akifungua anaona Surafel alianza kitu akakimaliza. Basi. Ndiyo haja yangu."

Macho yalikuwa yanamwasha, akayakodolea majani ya sakafuni. Fitsum aliacha kutafuna.

Weizero Yeshimebet alimimina kikombe cha tatu cha kahawa, kile cha baraka, akawagawia wote bila haraka.

"Hiyo ni haja," akasema. "Nimesikia haja nyingi katika ekubu zangu, nyingi za uongo. Hii ni ya kweli."

Surafel akasogea mbele, mkono tayari uko njiani kuelekea kompyuta.

"Kaa, sijamaliza. Dagna naye ana haja." Akajifuta mikono kwenye nguo yake. "Paa la jirani yetu Askale lilipita mikononi mwangu. Harusi ya binti wa Mulunesh, hivyo hivyo. Wao wananyoosha kidole, wanasema hiki nimejenga, huyu nimemwoza. Mimi fungu langu la kwanza, kila ekubu, lilikwenda wapi? Viatu vyako. Ada yako. Ada yako tena ulipoanguka. Sijuti, usinitazame hivyo. Nakuuliza tu. Hiyo beji, ikishatoka, haihami?"

"Haihami, mama."

"Hata nikitaka kukupa wewe?"

"Hata ukitaka."

"Basi ni kitu cha kwanza nitakachopata ambacho siwezi kukupa wewe. Nionyeshe pa kubonyeza."

Surafel aliona wivu, akaona haya kwa kumwonea wivu mama yake mzazi, na wivu haukuondoka kwa ajili ya ile haya. Lakini alimshika mkono akauweka panapotakiwa. Mama akabonyeza mara tatu kwa usalama. Kadi zikazunguka, zikayeyuka, na Nyani Mwenye Taji akatokea akimeremeta. Bibi yake Eyoel akapiga vigelegele, bado anaamini ni uchumba.

Mama akasogeza uso karibu na kioo. Chini ya beji palikuwa na maandishi ya kizungu, na yeye husoma herufi zetu za Kiamhari tu.

"Hapa pameandikwa nini?"

Surafel akatazama. Siku ile ya kufungua akaunti alikuwa na haraka, akaandika vile mtaa mzima unavyomwita mama yake: Mama wa Surafel. Jina lake yeye Surafel lilikuwa pale, chini kabisa ya nyani, mbele ya dunia nzima. Fitsum alikuwa ameliona pia. Akamtazama rafiki yake, kisha akageuza macho ukutani, akamwachia uamuzi.

"Pamekosewa, mama," Surafel akasema. "Ngoja nirekebishe."

Akalifuta herufi kwa herufi, neno Mama na jina lake mwenyewe. Akabadili herufi za kompyuta, akaandika upya, polepole, asikosee. Kisha akampisha.

Weizero Yeshimebet akaweka kidole juu ya kioo, akasoma kwa sauti kama mtoto wa darasa la kwanza: Ye-shi-me-bet. Akasoma tena. Halafu akamwambia mwanawe alete kigoda kingine akae hapo karibu naye, waiangalie wote wawili.