Sentimita Nne na Nusu

Jumanne, saa tatu na dakika kumi asubuhi, faili la ishirini na mbili lilikuwa juu ya meza ya Nusifa. Jalada lake lilisomeka: Magid Isiko, miaka 44, mfanyabiashara wa maharage, Mbale.

Kazi ya Nusifa katika zahanati hiyo ya Jinja ilikuwa kugeuza maelezo ya madaktari kuwa misimbo inayosomwa na kampuni za bima. Mafaili ya tawi la Mbale pia yalikuja kwake. Hili lilihusu uvimbe wa mafuta uliotolewa mgongoni, chini kidogo ya bega la kushoto. Msimbo wa ugonjwa haukuwa na shaka: D17.1, uvimbe wa mafuta usio saratani, kiwiliwili. Msimbo wa upasuaji ulitegemea mambo mawili: kama uvimbe ulikuwa chini ya ngozi au ndani zaidi, na ulikuwa wa sentimita ngapi. Daktari hakuandika hata moja. Aliandika "Uvimbe umetolewa", akatia sahihi.

Nusifa aliujua uvimbe huo. Ramadhani ya mwaka 2015, akimsugua mumewe mgongo, kidole gumba chake kilipita juu ya kitu laini kilichoteleza, kidogo kama punje ya harage. Alimwambia. Magid alicheka, akasema labda kuna gunia lilivuja humo.

Kanuni ya zahanati ilikuwa wazi: mwandishi wa misimbo hashughulikii faili la mtu anayehusiana naye. Hujaza fomu ya tamko na kumkabidhi mwenzake. Fomu ina mistari mitatu: jina la mfanyakazi, jina la mgonjwa, uhusiano. Nusifa alijaza miwili. Wa tatu aliuacha, kwa sababu hakuwa na jibu lenye uhakika.

Mambo yaliyojulikana yalikuwa haya. Mwaka 2018 waligombana kuhusu kazi hii hii. Magid alimtaka abaki dukani kwenye mizani; yeye alikuwa na cheti chake. Nusifa akaenda kwa baba yake kijijini Budondo na begi moja. Kwao, mke aliyerudi kwa wazazi hajirudishi. Mume huja kumchukua, pamoja na mtu mzima wa ukoo wake. Magid akasema aliyeondoka kwa miguu yake anaijua njia. Baba yake Nusifa, Mzee Isabirye, akasema binti yake si mzigo wa kujibeba mwenyewe. Miaka sita ikapita. Talaka haikutamkwa, wala mume hakuja. Kila Jumamosi Nusifa alitoka Jinja kwenda Budondo, na kila Jumamosi alifagia uwanja kabla ya saa nne, ingawa mdogo wake alikuwa ameshaufagia.

Twaibah, mwenzake aliyekaa meza ya mkabala, alimwambia analitazama faili hilo kama picha ya harusi. Nusifa alipaswa kumwachia Twaibah apige simu Mbale kuuliza vipimo. Alipiga mwenyewe.

Muuguzi wa Mbale, Ivy, alifungua kitabu cha chumba cha upasuaji akasoma: chini ya ngozi, sentimita nne na nusu. Nusifa alimwomba arudie, ingawa alikuwa ameshaandika. Kutoka punje ya harage hadi hapo, hakuwa ameushuhudia ukuaji wowote.

Ivy akasema bima watauliza kama uvimbe ulitolewa kwa ajili ya urembo tu, na mgonjwa mwenyewe yuko hapo kwenye benchi anasubiri kubadilishiwa bandeji. Kabla Nusifa hajakataa, simu ilikuwa mkononi mwa Magid.

Alimwuliza bwana Isiko kama alivyowauliza wagonjwa wote: uvimbe ulimsumbua vipi? Magid akaeleza kwamba kwa miaka miwili hakuweza kuweka gunia begani, wala kulala chali. Ulianza lini?

"Ramadhani ya mwaka kumi na tano. Mke wangu ndiye aliyeugusa wa kwanza. Sauti yako ni kama yake, ila yeye hakuwa akiniita bwana Isiko."

"Nilikuita mengine."

"Mengi. Mengine hayafai kwenye karatasi za bima."

Nusifa akamweleza kwamba faili halitabaki kwake, na kwamba kuna mstari mmoja hauruhusiwi kubaki wazi.

"Uhusiano," alisema. "Niandike nini, Magid?"

"Umewahi kusikia talaka kutoka kwangu?"

"Hapana. Hata nyayo zako sijazisikia."

Ivy alisikika akimwambia mgonjwa anyooshe mgongo.

"Baba yako bado hushinda nyumbani Jumamosi?"

"Hushinda."

Simu ikarudi kwa Ivy.

Katika mstari wa tatu Nusifa aliandika neno moja, mke, kisha saa: tatu na dakika hamsini na moja. Twaibah aliisoma fomu hiyo na safari hii hakutania. Aliingiza msimbo 21931: mgongo, chini ya ngozi, sentimita tatu au zaidi. Alhamisi alasiri bima waliidhinisha.

Jumamosi, saa nne na dakika ishirini, pikipiki mbili ziliingia katika uwanja wa Mzee Isabirye, uliokuwa umefagiwa mara mbili. Ya kwanza ilimshusha baba mdogo wa Magid. Ya pili ilimshusha Magid, mfuko wa sukari katika mkono wa kulia, wa kushoto akiuegemeza ubavuni bila kuutikisa.